Mwendo wa Kuazima Chumvi

Wiki ile tuliyomzika Bi Halima, mwanawe aliniletea bomba la bati. Alikuwa akiihamisha nyumba ya Azaiba, na katika vyombo vyote vya mama yake hilo ndilo ambalo hakujua alipeleke wapi. "Limeandikwa jina lako," alisema, akaliweka juu ya meza yangu hapa Mabela, akanywa kahawa, akaondoka. Kifuniko kilikuwa kimeshika kutu. Nilipokizungusha kikaachia, harufu ilitangulia kutoka: wino mkavu, karafuu zilizotiwa kuzuia wadudu, na kwa mbali achari ya matango. Nilikaa kitako. Wenzangu wa rika langu wataelewa. Kwa umri wetu pua ndiyo inayokumbuka, kichwa kinafuata nyuma kikilalamika.

Harufu ile ilikuwa ya ghorofa moja ya Darsait, hapahapa Maskati, juu ya duka la fundi wa mabomba, mlango wa pili kutoka kwetu. Walikaa humo mjomba wangu Nassor, mkewe Bi Halima, ambaye alikuwa bado hajapata mwana, na bibi yangu mzaa mama, ambaye pia ni mama yake mjomba. Mjomba alikuwa mhandisi na siku nyingi alikuwa jangwani kikazi. Kwa hiyo nyumba ilikuwa ya wanawake wawili, na mimi niliyepelekwa kila siku baada ya chuo cha Kurani, ili mama yangu apumzike na maswali yangu.

Ya Bi Halima lazima niyaanzie kwenye jina. Mjomba alikwenda kusoma Ulaya, upande ule wa baridi kali, akaoa hukohuko. Habari ilimfikia Bibi angali Unguja, kwa mdomo wa msafiri. Msafiri hakujua mtu wa Poland anaitwaje kwa Kiswahili, akaunda neno lake: Nassor ameoa Mpole. Bibi akasujudu. Miaka yote alikuwa akimwombea mwanawe apate mke mpole, na sasa Mungu amejibu kwa neno lilelile. Alipokuja kuujua ukweli alishawaambia majirani wote, na hakuona haja ya kuwasahihisha. Mkwe mwenyewe aliitwa Halina. Siku aliposilimu, wakabadilisha herufi moja tu, na kazi ikaisha.

Mimi nilizaliwa Maskati, utani huo ukiwa umeshazeeka, na hakuna aliyenieleza kuwa ni utani. Niliamini kwamba iko nchi ya Wapole, watu wasiopiga kelele wala kusukumana, na kwamba Bi Halima katoka huko. Kilichonitatiza ni kuwa yeye mwenyewe hakuwa mpole hata kidogo. Alikuwa mrefu, mkavu, na akisema jambo amesema. Kiswahili chake kilikuwa Kiunguja cha Bibi kitupu, kwa sababu Bibi ndiye aliyemfundisha, ila aliyatamka maneno yote mpaka mwisho, kama mtu anayefuta sahani zote mpaka zikauke.

Kazi yake ilikuwa kuchora ramani. Alikuwa na meza iliyolala kwa mteremko, taa ya shingo ndefu, na kalamu za wino zenye ncha nyembamba kama sindano. Alikuwa pia na wembe. Wino ukikosea haufutiki kwa mpira. Aliukwangua kwa ncha ya wembe, taratibu, mpaka mstari ukaondoka na karatasi ikabaki nzima. Niliruhusiwa kutazama kwa sharti nisipumue karibu.

Ukutani zilining'inia ramani mbili. Moja ilikuwa nakala ya ramani ya kale ya Afrika, kazi ya Wazungu wa zamani, imejaa milima ambayo haipo na simba wenye nyuso za watu. Bi Halima alinieleza kuwa wachoraji wa zamani wakifika mahali wasipopajua waliona aibu, wakachora mnyama. Baadaye wakaja wengine wakapata adabu, wasichokijua wakakiacha peupe. "Kuacha peupe ni uungwana," alisema. Kisha akafikiri kidogo, akaongeza kuwa baada ya hao wakaja wengine tena, wakapaona pale peupe, wakasema hapana mwenyewe, wakapachukua.

Ramani ya pili ilikuwa ya Bara Arabu, imechapwa kwao Bi Halima, na hiyo ndiyo aliyoipenda Bibi. Hakujua kusoma herufi za Kizungu ila kidogo, lakini siku moja Bi Halima alimwekea kidole mahali tulipo, akamsomea kilichoandikwa: Maskat.

"Maskat?" Bibi aliuliza. "Kama sisi tusemavyo?"

"Maskat, Mama."

Bibi alikwishaona jinsi Waingereza wanavyoliandika jina hilo kwa namna yao, Muscat, na mjomba alikwishamsomea linavyotamkwa hivyo. Alilichukulia kama tusi. Sasa akageuka kuniambia mimi, kwa furaha ya mtu aliyepata ushahidi: "Umeona? Wapole walikuja wakauliza. Hawakuandika kutoka vichwani mwao." Tangu siku hiyo aliziamini ramani za Kipoland kuliko za taifa jengine lolote, na mimi nilidhani kwamba mtu mmoja mpole alipita Darsait akibisha mlango kwa mlango, akiuliza, jamani, hapa panaitwaje?

Alipenda pia kusimuliwa. Wakati wa alasiri, chai ikiwa mezani, Bi Halima alitueleza kuwa ramani ya kwanza kubwa ya nchi yao ilichorwa na padri mmoja, karne nyingi zilizopita, na nyumba ilipokuwa imewekwa ikaungua. Watu wakajua imekwisha. Baada ya miaka mingi kupita, mtu alipasua jalada la kitabu chakavu, akakuta limetengenezwa kwa makaratasi ya ramani ile, yaliyogandishwa pamoja kama kadibodi. Kisha ikaja vita kubwa, vipande vile navyo vikaungua. Zimebaki picha zake tu.

"Na nchi?" Bibi aliuliza.

"Nchi nayo iliondolewa. Majirani watatu waliigawana, na zaidi ya miaka mia moja jina lake halikuandikwa kwenye ramani yoyote ya serikali. Lakini watu walikuwapo palepale, Mama. Wakilima, wakizaa."

Bibi alikiweka kikombe chake chini. "Majirani," alisema. "Basi wewe unamjua jirani." Mimi nilielewa jambo jengine kabisa. Nilielewa kuwa Wapole walinyang'anywa nchi kwa sababu ya upole wao, na usiku huo nilimwambia mama yangu kuwa mie sitakuwa mpole. Aliniambia hilo halina wasiwasi.

Mambo yalianza daktari alipomwambia Bibi kuwa ana presha ya macho. Jicho moja lilikuwa limeshakwenda, na la pili lilikuwa linafunga kutoka pembeni kuja katikati. Bibi hakulia mbele yetu. Alirudi kutoka hospitali, akavua buibui, akaketi kwenye kiti kilichokabili meza ya mteremko, akasema: "Halima, kabla halijazima hili, nnataka kuuona mtaa wangu. N'choree."

Mtaa wenyewe ulikuwa Kikwajuni, Unguja, alikozaliwa, akaolewa, akawazaa mjomba na mama yangu. Bi Halima aliitafuta ramani ya zamani ya mji, akaipata, akaileta. Barabara kubwa zilikuwapo. Mtaa wa Bibi ulikuwa peupe. Akasema basi, atauchora mwenyewe, Bibi akimwelekeza, lakini anataka vipimo.

Hapo ndipo nilipojua kuwa Bibi alikuwa na vipimo. Kutoka kwake hadi msikitini ni mwendo wa adhana, ukianza kutoka ikianza, unafika inakwisha. Kutoka kwake hadi dukani ni mwendo wa mtoto kusahau alichotumwa. Kutoka kwake hadi kwa jirani yake, Mwanaisha, ni mwendo wa kuazima chumvi.

"Chumvi mkononi, au kwenye kikombe?" Bi Halima aliuliza, kalamu juu.

Bibi alifikiri. "Mkononi."

"Basi ni karibu." Akaandika.

Walikwenda hivyo alasiri baada ya alasiri, na Bibi akawa kama kijana. Alikumbuka kona zilizonuka samaki, ukuta uliokuwa na ufa, mahali ambapo mvua ikinyesha unapita kwa upande mmoja tu. Kila nyumba ilipata mlango wake. Mlango uliofungwa Bi Halima aliuchora kwa kistari kifupi, na mlango wa wazi aliuachia pengo. Bibi alitaka yote iwe wazi, kwa kuwa mchana hakuna mtu Kikwajuni aliyefunga mlango. Nyumba yake mwenyewe ilikuwa na pengo kubwa kuliko zote.

Ikafika zamu ya nyumba ya Mwanaisha, na Bibi akasema: "Hiyo usiichore."

"Kwa nini, Mama?"

"Basi tu. Niachie peupe. Si umesema peupe ni uungwana?"

Bi Halima aliiweka kalamu chini. Sasa naweza kueleza kilichokuwa nyuma ya ukaidi wake, ingawa wakati ule nilikiona ukaidi mtupu. Kabla ya kuja huku, kazi yake ya kwanza kwao ilikuwa kuchora ramani za kuuziwa raia, na serikali ya wakati ule haikutaka raia, wala adui atakayezinunua dukani, ajue kitu kilipo hasa. Waliamrishwa wasogeze barabara, wapinde mto, wakifiche kijiji. Alifanya alivyoamrishwa. Kisha siku moja ya mapumziko alikwenda kutembea msituni na dada yake, mkononi wameshika ramani aliyoichora yeye mwenyewe, wakapotea mpaka giza likaingia. Dada yake alimcheka miaka yote. Yeye hakucheka. Aliapa kuwa akishatoka katika ofisi ile hatachora kisichokuwapo, wala hataacha kilichopo.

"Peupe ni pa nisichokijua," alimwambia Bibi. "Nyumba ya Mwanaisha naijua. Umenambia mwenyewe."

"Nimekwambia, sasa nnakunyang'anya."

"Mama, tazama." Aliivuta ile karatasi karibu na jicho la Bibi. "Kisima umekipima kutoka kwa Mwanaisha. Duka, kutoka kwa Mwanaisha. Kwako mwenyewe, umeniambia ni mwendo wa chumvi kutoka kwa Mwanaisha. Nikimtoa yeye, mtaa mzima hauna pa kujishika."

Bibi alisimama. Alikuwa mfupi, lakini alijua kusimama. "Nlipiga hodi kwake siku zile za mapinduzi," alisema. "Mji unawaka. Nassor n'nemshika mkono, mama yake huyu," akanionyesha mimi, "yupo mgongoni. Nikagonga, nikaita, Mwanaisha, ni mie. Namsikia anakohoa ndani. Hakufungua. Mtu tuliyekula naye chungu kimoja! Sitaki kumwona tena, hata kwa wino."

Akaingia chumbani kwake. Bi Halima alibaki akiitazama meza, na mimi nikaitazama chupa yake ya achari ya matango iliyokuwa dirishani.

Ulifuata ugomvi wa aina ambayo watu wa kwetu tunaiweza sana, ugomvi usio na kelele. Bibi alisema na mkwe wake kupitia kwangu, wote watatu tukiwa chumba kimoja. "Mwambie mkaza mwanangu chai yake imepoa." Nikasema. "Mwambie mama kuwa nashukuru." Nikasema. Nilijiona mtu mkubwa. Karatasi ilikaa mezani na shimo lake katikati, na kila siku Bibi aliipita akigusa kiti kwanza, kisha ukuta, mahali ambapo zamani hakugusa kitu. Mama yangu alimsihi Bi Halima aache ubishi, nyumba moja ni kitu gani, mama macho yanakwenda. Bi Halima alijibu kuwa macho ndiyo sababu. "Ataiona mara moja tu," alisema. "Nimpe ya uongo?" Nilimchukia kwa jibu lile. Nilifikiri kuwa kama kweli angekuwa Mpole angechora anavyoambiwa.

Aliyelegea ni Bibi. Alasiri moja alitoka chumbani kwa kupapasa, akakaa kwenye kiti chake, akanambia mimi: "Mwambie achore. Lakini jina asiandike."

Kabla sijafungua mdomo Bi Halima akajibu mwenyewe: "Nyumba ndiyo kazi yangu, Mama. Jina ni lako."

"Na mlango auchore umefungwa. Yeye si anataka kweli? Kweli ndiyo hiyo."

Bi Halima aliona haki ya neno lile. Akachora nyumba, bila jina, na mlangoni akaweka kistari, cheusi, kilichonyooka. Bibi akasema, akilenga dari, "Simba mwenda pole ndiye mla nyama," na kwa mara ya kwanza tangu ugomvi uanze wakacheka wote wawili, nami nikapoteza kazi yangu ya ukalimani.

Aliiona. Tulimsogeza dirishani asubuhi jua likiwa kali, uso wake umekaribia kugusa karatasi, na jicho lile moja likatembea mtaani polepole. Alisoma milango yote. Alikipita na kile kistari. Mwisho akasema, "Ndipo. Wallahi, ndipo," akamshika Bi Halima kichwa kwa mikono miwili kama anavyoshikwa mtoto. Haikupita muda mrefu jicho likafunga.

Ramani haikutundikwa ukutani. Ilikaa juu ya meza ndogo mbele ya Bibi, na kila alasiri nilimshika kidole cha shahada nikakiweka mlangoni kwake, kwenye lile pengo kubwa. Kutoka hapo alikwenda mwenyewe. Mkono mmoja ulikuwa na tasbihi, mwengine ulikuwa Kikwajuni. Kidole kilitoka nyumbani, kikaenda mwendo mfupi tu, kikasimama. Kisha ukucha ukaanza: tk, tk, tk. Midomo ilikuwa ikicheza, nikadhani anavuta uradi. Siku nyengine ilikuwa tk, tk, tk mpaka magharibi.

Nilijua nyumba ile ni ya nani, na nilijua anachokifanya. Alikuwa anaifuta. Mkwe wake amemkatalia, sasa anaifuta mwenyewe kwa ukucha, kidogo kidogo, kwa subira ya kizee. Nilimwambia Bi Halima kwa siri kuwa ramani inaharibiwa. Alikuja akasimama nyuma ya kiti cha Bibi, akatazama kile kidole kwa muda. Nilitegemea amkataze. Alinambia, "Mwache," akarudi jikoni.

Bibi alifariki nikiwa bado shule. Tulihama Darsait, mjomba naye akatangulia mbele ya haki, Bi Halima akajenga Azaiba karibu na bahari ambayo hakuipenda. Mpaka mwisho alipokuwa akiulizwa kwa nini hakurudi kwao alijibu kuwa kwao ndiko huku. Nilimtembelea kila Idi. Hatukuizungumza ramani ile hata siku moja, na mimi niliishi na maelezo yangu ya kitoto, kwamba bibi yangu alikufa akimfuta jirani yake.

Sasa nimeitoa bombani, nimeikunjua. Niliibana pembe nne kwa vikombe, nikaishusha taa. Ni kazi nzuri. Simu yangu mpaka leo inampoteza kila anayekuja kwangu, kwa vile nyumba za Mabela zinaota upesi kuliko inavyojua, lakini kwa karatasi hii naweza kwenda dukani Kikwajuni nikiwa nimefumba macho. Nilikwenda moja kwa moja kwenye nyumba isiyo na jina kutazama madhara. Kuta zake nne ziko nzima. Wino wake haukuguswa, mweusi kama wa jirani zake. Kilichochakaa ni mahali padogo mbele ya mlango, kwa nje, ambapo karatasi imebonyea na kuwa nyembamba kama ganda la kitunguu. Pale tu. Mtu anayefuta nyumba hasimami mlangoni. Ilinichukua muda kukubali kuwa midomo ile haikuwa ikivuta uradi wowote, na kwamba neno lililokuwamo ni neno ambalo mimi mwenyewe nalisema kila ninapofika kwa watu.

Halafu nikatafuta kile kistari, cheusi, kilichonyooka, alichokitaka Bibi kwa haki. Hakipo. Nilifikiri ni ukucha, nikaiinua karatasi kwenye taa. Ukucha hauachi alama kama ile. Mkwaruzo ni mwembamba, umenyooka, umeanza na kuishia palepale mstari ulipoanzia na kuishia, na karatasi imebaki nzima. Ni kazi ya wembe, na nyumbani Darsait mwenye wembe alikuwa mmoja.

Bibi aligonga, na mkwewe akamfungulia.